Harmonika Iliyoachwa Nzima

Dada yangu Verdell alisimamisha pikapu nje ya makaburi, jua likiwa limebaki kidogo juu ya mashamba ya pamba, akasema yeye hashuki.

"Nakupa nusu saa, Lucius. Kambare wako jikoni, na macho yangu gizani hayana kazi."

"Robo saa inatosha."

"Utatosha wewe? Ngazi tatu za kanisa zimekushinda mchana huu." Alinitazama nilivyokumbatia tofali kifuani. "Kaka, kivunje hicho kidude, urudi tule. Usianze kuwapigia wafu muziki."

Nilimwambia sina pumzi ya kumpigia mtu, mzima wala mfu. Akacheka, lakini hakuzima injini.

Mfukoni nilikuwa na harmonika ya Hosea Suggs, kinanda kidogo cha kupuliza mdomoni.

Hosea ndiye aliyekuwa mpigaji wetu upande huu wa Misisipi, wakati mimi bado nachuma pamba na kuimba kwaya. Alikuwa akiilowesha harmonika yake kwenye wiski, na kifua kilipoanza kumsumbua akawa hatoi peremende mdomoni. Alikufa mwaka wa 1939. Kwetu, vitu alivyovishika marehemu siku za mwisho huwekwa juu ya kaburi lake, lakini kwanza huvunjwa. Kikombe, sahani, taa. Kila mtoto anaambiwa sababu: kitu kikibaki kizima, mwenyewe hukirudia.

Siku ya tatu baada ya maziko nilipita pale. Kikombe kilikuwa kimepasuliwa. Sahani pia. Saa ilikuwa imepondwa kioo. Katikati ya vipande hivyo, harmonika.

Nzima. Inang'aa.

Nilidhani mjane wake, Odessa, alisahau kwa ajili ya uchungu. Nilikuwa na miaka kumi na tisa, na harmonika ya namna ile nilikuwa nikiiona dirishani mwa duka tu. Nikaitia mfukoni.

Tarumbeta unaipuliza tu, basi. Harmonika ya bluzi, muziki wetu wa majonzi, kazi yake kubwa ni kuvuta. Zile noti zinazowaliza watu zimo kwenye pumzi unayoiingiza ndani. Nilipovuta mara ya kwanza, kinywa changu kilijaa ladha ya wiski na peremende. Niliona raha. Mjinga mimi, niliona raha!

Jumamosi ile kwenye kilabu watu waliacha kucheza wakasimama kunitazama. Baadaye nikapanda treni kwenda Chikago, mchana machinjioni, jioni kwenye mabaa. Santuri kumi na moja nilitoa. Ulaya nilikwenda mara mbili, vijana wa Kizungu wakipanga foleni kunishika mkono. Nimechoka kiasi kwamba hayo yote nayasikia kama habari za mtu mwingine.

Na pengine ni za mtu mwingine. Santuri ya kwanza nilimtumia mama. Aliisikiliza nyumbani kwa jirani mpaka mwisho, kisha akamwamuru Verdell aniandikie maneno mawili matatu: "Huyu anayeimba ni Hosea. Mwanangu yuko wapi?"

Hakutaka kusikia nyingine mpaka alipoingia kaburini, humu humu, safu ya nyuma. Kuongea nilibaki na sauti yangu. Nikiimba tu, inatoka ya Hosea, nzito, yenye mikwaruzo, hata nikiwa bafuni peke yangu. Mama alikuwa na wimbo wake wa kuanikia nguo, alioutunga mwenyewe, na mimi mdogo nilikuwa namwitikia. Sasa daktari amenionyesha picha ya mapafu yangu na kuangalia pembeni. Nilibakiwa na haja moja: nivunje kitu hiki, niende pale alipolala mama, nimwimbie wimbo ule kwa sauti aliyonizaa nayo. Mara moja tu.

Niliiweka harmonika juu ya jiwe la Hosea. Upepo haukuwepo. Wadudu walikuwa wakilia pambani...

Wakanyamaza.

Harufu ya peremende ilipanda, kali, kana kwamba mtu amenihemea usoni. Kutoka kwenye matundu ya harmonika nilisikia kitu kikipumua. Ndani. Nje. Ndani...

Niliinua tofali kwa mikono miwili, nikalishusha.

Ubao wa ndani ya harmonika ulipasuka. Na pale palipopasuka ikatoka sauti.

*Kauka shuka, kauka, jua halimngoji mtu...*

Ilikuwa sauti nyembamba ya kijana wa kwaya. Wimbo wa mama. Niliijua, mtu hawezi kukosa kuijua sauti yake mwenyewe. Nilipiga magoti nikafunika vipande kwa viganja, nikiomba, jamani, isitoke. Ikapita katikati ya vidole. Ikaenda juu ya pamba, ikififia, mpaka ikaisha.

Kifua changu kikatulia. Kikohozi cha miaka miwili, kimya. Kama nyumba iliyobaki na mtu mmoja.

"Umevunja?"

Mnong'ono huo ulitoka nyuma yangu. Odessa Suggs alikuwa amesimama na fimbo yake, mzee wa miaka themanini, macho meupe yasiyoona kitu.

"Nimevunja, Bi Odessa," nilijibu.

Nikashika koo. Sauti iliyotoka ilikuwa ya Hosea. Nzito. Yenye mikwaruzo.

Yeye alitabasamu kama msichana. "Haya. Sasa hata kuongea ni yeye."

"Wewe ndiye uliyesahau kuivunja..."

"Nisahau?" Alicheka kidogo. "Kikombe nilivunja mimi. Sahani mimi. Saa mimi. Hiyo nikaiacha, nikaketi barazani kwangu, hapo ng'ambo ya uzio, kuangalia nani atapita."

"Kwa nini mimi? Nilikukosea nini?"

"Hukunikosea kitu, mwanangu. Ulikuwa na kifua kizuri, basi." Alinyoosha mkono akanipapasa shavu, polepole, kama anayesoma. "Kila ulipomvuta yeye ndani, wewe ulidhani unakwenda wapi?"

Nilitazama vipande juu ya jiwe.

Honi ililia getini. Giza lilikuwa limeshaingia, na taa za pikapu zilinipiga machoni.

"Lucius! Samaki wanatungoja!"

"Nakuja, Verdell!"

Injini iliendelea kunguruma.

"Lucius?" Sauti yake ilikuwa imepungua. "Kaka, nani huyo yuko na wewe?"

"Ni mimi. Verdell, ni mimi!"

Nilisikia akipandisha kioo cha dirisha, haraka haraka, kisha akakishusha kidogo tu. Alikuwa analia.

"Mzee, sitaki ugomvi na wewe," alisema. "Kaka yangu yuko wapi?"

Nilitaka kumwimbia wimbo wa mama ili anijue. Nikafungua kinywa... kisha nikakumbuka utakavyotoka.

Pikapu ilirudi nyuma, ikageuka. Odessa alinishika mkono. Alinukia mkate wa mahindi.

"Twende nyumbani, Hosea. Umechelewa sana."

Ningemwambia jina langu. Lakini nilikuwa nimechoka, na mdomoni mwangu peremende ilikuwa imeanza kuyeyuka.