Mchanga Katika Mkate wa Behija

Mkate wa Behija ulianza kuwa na mchanga Jumanne moja ya mwezi wa saba.

Aldina, binti yake, ndiye aliyeung'ata kwanza. Akaacha kutafuna, akatema mkononi, akatazama.

"Mama, unga huu umeuchekecha?"

"Nilikuwa napika mkate kabla hujazaliwa," Behija alisema. "Kula."

"Nakula mkate au nakula ukuta?"

Behija akaonja. Ulikuwa mchanga kweli, laini, wa kijivu, ule unaotoka jiwe linaposuguana na jiwe. Lakini unga ulikuwa wa dukani, na kijijini kwetu hakuna anayekumbuka mtu aliyesaga ngano kwa mkono. Behija akameza. Alikuwa na sababu ya kunyamaza, nayo ilikuwa imelala chumba cha pili, imefungwa ndani ya shati jeupe.

Mwanawe Senahid aliondoka mwaka wa mwisho wa vita. Alikuwa na miaka kumi na tisa. Alipita msituni pamoja na wanaume wengine, mkate chini ya kwapa, na hakurudi hata mmoja wao. Miaka kumi na moja baadaye, akina mama wengi wa Bosnia walikuwa bado wanasubiri mifupa. Behija alishatoa damu yake ipimwe, ilinganishwe na kila kilichofukuliwa, na kila mwaka jibu lilikuwa ni bado. Jirani yake Hajra alirudishiwa mfupa mmoja tu wa paja. Akauzika, akapata kaburi la kukaa kando yake kila Ijumaa. Behija hakuwa na hata hilo. Popote palipochimbwa shimo, la bomba au la msingi wa nyumba, alikwenda kuchungulia.

Basi kiangazi kile, alipokuja profesa Dubravka, mtafiti wa mambo ya kale, kuchimba kilima cha kando ya mto, Behija alikuwa wa kwanza kufika ukingoni na mdila wake wa kahawa. Aldina aliajiriwa kuosha vigae vya vyungu vilivyofukuliwa.

"Mama Behija," alimtania Hasib mwenye sepetu, "ukiona dhahabu tugawane!"

"Nikiona akili nitakupa yote, Hasib. Wewe una shida zaidi."

Profesa alikuwa mwanamke mwema. Alimwonyesha mistari kwenye ukuta wa shimo, mweusi, mwekundu, mweusi tena.

"Kila mstari ni nyumba, mama. Iliungua, watoto wao wakajenga juu yake. Hawa walilima ngano na kufinyanga vyungu hapa miaka elfu saba iliyopita. Wafalme hawajaja bado, maandishi hayajaja, hata nchi hii haina jina."

"Na waliokufa waliwazika wapi?"

"Wengine chini ya sakafu. Karibu nao."

Behija alilifikiria jambo hilo hadi usingizi ukampitia. Kesho yake wakafukua mifupa ya kijana, amelala ubavu, magoti yamegusa kidevu, jiwe la kusagia miguuni pake. Mifupa ilipowekwa kwenye sinia, Behija akauona mtulinga wa kushoto, ule mfupa unaotoka kifuani kwenda begani. Katikati ulikuwa na fundo, mahali ulipowahi kuvunjika ukajiunga. Senahid alianguka kutoka kwenye mti wa plamu akiwa na miaka tisa. Mtulinga wa kushoto. Fundo pale pale. Kila asubuhi ya shule, akimfunga vifungo vya shati, alilipitia kwa kidole.

Profesa alipogeuka, Behija akauficha chini ya mtandio, akaenda nao nyumbani, akaufunga ndani ya shati jeupe la mwanawe, akaulaza katika kitanda chake.

Aldina aliuona siku ya mchanga.

"Mama! Huyu ni mtu wa miaka elfu saba. Profesa kasema."

"Profesa hakumzaa Senahid."

Aldina akakaa kitandani, akalia. Hakuwa na moyo wa kumnyang'anya.

Siku ya tatu sauti zikaanza. Hazikuja usiku. Zilikuja baada ya adhuhuri, jua likiwa kali, mbwa wamelala. Kwaruu. Kwaruu. Jiwe juu ya jiwe, taratibu, nyuma ya mlango wa Senahid. Na harufu ikaja, ya moshi wa mabua na udongo uliochomwa kisha ukanyeshewa.

"Unasikia?" Aldina alinong'ona.

"Amerudi," Behija alisema, na uso wake uling'aa kwa namna ambayo binti yake hakuwa ameiona tangu vita.

Akampelekea kahawa yenye vipande viwili vya sukari, kama alivyoipenda. Kahawa ikapoa, sukari haikuguswa. Akampelekea nyama, ikaota ukungu. Lakini bakuli la ngano mbichi alilokuwa amewawekea kuku lilitoweka dirishani, na likakutwa chumbani tupu. Kitanda hakikulaliwa. Blanketi lilikuwa sakafuni, limekunjamana duara dogo, kama mtu alilala hapo magoti yakiwa kidevuni. Behija alilitandika upya, akajiambia kuwa kijana aliyelala porini muda mrefu hawezi kuzoea godoro kwa siku moja.

Lakini usingizi wa Aldina ulikwisha, na ilipofika Jumapili, alipofungua mlango ule kidogo tu na kuona mbao za sakafu zimeng'olewa, na shimo la ukubwa wa mtu aliyejikunja limechimbwa hadi kwenye udongo, na pembeni ya shimo kivuli kimechuchumaa kinasaga, mgongo unakwenda mbele na nyuma, mbele na nyuma, na hakukuwa na mtu wa kivuli kile, alikimbia bila viatu mpaka kwa bula Zekira, anayewasomesha wasichana Kurani na kuwasomea walioingiwa na hofu.

Bula alikuja na sufuria yake ndogo na madini ya risasi aliyoyayeyusha juu ya jiko. Akamfunika Behija kitambaa, akashika bakuli la maji juu ya kichwa chake, akasoma, akamimina. Risasi ikiingia majini hulia, hupasuka na kuwa miiba. Hiyo ndiyo hofu inayotoka. Safari hii haikulia hata kidogo. Ilitulia chini ya maji ikawa kijiti kimoja chembamba, kilichopinda, chenye fundo katikati.

Bula akaweka bakuli mezani polepole.

"Dada Behija, umemleta nani ndani?"

"Mwanangu."

"Mwite, basi. Mtoto akiitwa na mama yake huitika."

Ilikuwa saa ile ile. Kwaruu. Kwaruu. Behija akasimama mlangoni.

"Senahid."

Jiwe liliendelea kusaga.

"Senahid, roho yangu, ni mimi."

Jiwe liliendelea. Behija akaketi sakafuni, na sauti iliyomtoka haikuwa ya kumwita mtu tena.

"Mwanangu."

Jiwe likanyamaza.

Moshi ule mzito ukaja hadi usoni pake, na ndani ya moshi kitu kikapumua, pumzi fupi fupi za mtu aliyekimbia kutoka mbali sana, kisha vidole visivyoonekana, vyenye unga na mchanga, vikamgusa paji la uso, vikashuka kwenye nyusi, kwenye pua, kwenye mashavu, vikarudi juu vikaanza upya, vikitafuta, kama kipofu anavyotafuta uso anaoujua, na Aldina na bula waliokuwa wameshikana mikono ukutani wakaona alama nyeupe zikijichora moja moja juu ya ngozi ya Behija, mpaka zikafika kidevuni, na hapo vidole vikasimama.

Vikaondoka. Kona ya chumba ikatoa kilio kidogo, cha mtoto aliyemshika mama wa mtu mwingine sokoni akadhani ni wake.

"Alikuwa anamtafuta mama yake," Behija alisema baadaye, mchanga ukiwa bado usoni. "Kumbe mimi siye."

"Sijui kama ni jini au ni nani," bula alisema. "Mungu anamjua. Lakini hapa si kwao."

Jioni ile Behija alirudi kilimani, shati jeupe mkononi. Profesa alimsikiliza mpaka mwisho, hakumgombeza. Akafungua sanduku la mifupa ya kijana yule, na Behija akauweka mtulinga mahali pake, kati ya bega na kifua. Akainua mikono, akamwombea mtoto ambaye hakulijua jina lake. Kisha akauliza:

"Miaka elfu saba, profesa. Watu wamejenga miji, wamejifunza kuandika, wamefika mwezini. Hakuna aliyegundua cha kumfanyia mama?"

Profesa akatazama chini. "Hakuna, mama."

Chumba kikatulia. Hasib alipigilia mbao. Mkate ukawa laini, mweupe, hauna kitu, na Behija aliutafuna muda mrefu bila kuweza kuumeza.

Ijumaa, Aldina alimkuta akikanda. Shati la Senahid lilikuwa mezani, limekunjuliwa, na katika mkunjo wake mlibaki vumbi la kilimani. Behija akachota kidogo kwa vidole vitatu, akalinyunyiza juu ya donge.

"Mama, unafanya nini?"

"Kaa, mwanangu. Adhuhuri imeshapita."

Aldina akakaa. Wakageukia mlango wa Senahid wote wawili, wakisikiliza.