Ukuta Usiozibwa

Jumatano, saa kumi na dakika ishirini alasiri, mjomba aliacha kuzungumza katikati ya sentensi.

Hilo peke yake lilitosha kumtisha msanifu majengo wa ukarabati ule. Mjomba wake alikuwa fundi plasta, na kazini walimwita Redio, kwa kuwa hakuna aliyewahi kuona kitufe cha kumzima. Alikuwa mbele ya ukuta wa kibla wa msikiti mkongwe, mwiko mkononi, amemaliza kuziba tundu la mwisho, anasimulia habari ya mbuzi aliyetafuna kitambulisho cha jirani. Ghafla kimya. Akakohoa. Kiganjani likabaki vumbi jeupe.

"Chokaa tu," alinong'ona.

"Mjomba, chokaa gani hiyo ya kutoka ndani?"

"Wewe nawe na wasiwasi wako. Hata kivuli chako utakidai kitambulisho."

Lakini sauti ilikuwa inamkauka.

Matundu yale yalikuwa ya risasi. Enzi za ukoloni, vijana walipotakiwa kwenda kazi za shuruti, watu walikula kiapo humu kwamba hatoki mtu. Askari wakawafyatulia risasi kupitia madirisha, wamo ndani ya sala ya alfajiri. Imamu hakuikata sala. Waliobaki hai nao hawakuikata. Tangu hapo, kila ukuta ulipopakwa chokaa, brashi iliyazunguka matundu. Hakuna fundi aliyeyaziba.

Msanifu aliyajua haya tangu utotoni. Mkurugenzi wa mradi naye aliyajua. "Wafadhili ni wajukuu wa askari walewale," alimwambia, "na kesho wanakuja kuzindua. Tuwapokee kwa ukuta unaowasuta? Ziba." Msanifu aliogopa kupoteza kazi, akamwagiza mjomba.

Hadi magharibi mjomba alikuwa kitandani kwake, hana hata mnong'ono, kila akikohoa shuka linachafuka weupe.

"Mlimlisha nini huko?" mkewe alimuuliza msanifu kwa sauti ya chini. "Mume wangu anabomoka kama nyumba mbovu."

Chumba kilikuwa kimeanza kunuka baruti na plasta mbichi, na nyuma ya kichwa cha kitanda, ndani ya ukuta ambao msanifu mwenyewe alijua una unene wa tofali moja tu, alisikia watu wengi wakijipanga, nguo zikisuguana, nyayo zikisogea hadi zikagusana, kisha wote kwa pamoja wakivuta pumzi ya mtu anayetaka kutamka jambo kubwa, wakaivuta, wakazidi kuivuta, wala hawakuitoa.

Mtabibu wa majini akaitwa. Alikuja na mkoba mweusi kama wakala wa bima, akafukiza ubani, akaweka sikio kifuani mwa mgonjwa.

"Mnataka nini?"

Mdomo wa mjomba haukutikisika. Sauti zilizotoka zilikuwa nyingi.

"Tumezibwa."

Mtabibu akazima makaa, akafunga mkoba.

"Shehe, unakwenda wapi?" mke wa mjomba alimshika mkono. "Wafukuze!"

"Nimefukuza wengi, mama. Hawa hawakumwingia mtu. Mtu ndiye aliyewafungia kwao, na pumzi yake ikabaki humo pamoja na zao. Mwenye nyumba hafukuzwi." Akamtazama msanifu. "Plasta ikishakauka, na yeye basi."

Msanifu ndiye aliyeichagua plasta ile. Kwa jua la siku hizi, ingekauka kabla ya adhuhuri ya kesho yake.

Asubuhi alichukua nyundo na patasi kwenye kapu la mjomba. Msikitini mkurugenzi alikwisha simama na wageni, utepe umefungwa, viatu vya watu wakubwa vimepangwa mlangoni. Msanifu akavua vyake, akapita chini ya utepe.

"Wewe! Ukigonga hapo, huna kazi!"

"Basi sina kazi."

Pigo la kwanza likakosea. La pili likapata. Kipande cha plasta kikaanguka, na hewa ya moto yenye harufu ya baruti ikampiga usoni. Ndani ya tundu, sauti ya mjomba ikasema waziwazi:

"Mwanangu, hiyo patasi si kijiko cha chai! Ilaze!"

Wageni wakarudi nyuma. Mmoja akamvuta mkurugenzi shati, akamuuliza kwa hofu ni nini kile.

"Babu zenu walipiga risasi hapa," msanifu alijibu bila kugeuka. "Mmekuja wenyewe. Kaeni msikilize."

Akailaza patasi, akahamia tundu la pili, ambako mtu asiyemjua alikuwa tayari anasafisha koo.