Waya wa Kipimajoto

Kila Jumamosi, baada ya kumaliza bakuli lake la tambi za ufuta, Ruolan alipanda ngazi pamoja na baba yake hadi ghorofa ya tatu, kwenye karakana yao ndogo jijini Wuhan. Alikuwa na umri wa miaka kumi na miwili. Alifagia, akachemsha maji ya chai, akampa baba koleo alipolitaka. Baba yake, Bwana Tong, kazi yake ilikuwa kupima moduli.

Moduli ni kifaa cha chuma kinachotoshana na kidole. Hugeuza umeme kuwa mwanga, na mwanga huo husafiri ndani ya uzi wa kioo mwembamba kama unywele, ukibeba sauti na picha hadi mbali. Moduli za Bwana Tong zilikuwa za kufungwa nje, ndani ya masanduku ya chuma juu ya nguzo. Jua la Agosti likilipiga sanduku kama hilo, ndani hakufai. Kwa hiyo kila moduli ilitiwa kwanza ndani ya tanuri la umeme, ikafanyishwa kazi humo saa mbili nzima kwenye nyuzi themanini na tano. Iliyovumilia iliwasha taa ya kijani. Iliyoshindwa iliwasha nyekundu.

"Usiulize joto la tanuri, uliza joto la moduli," Bwana Tong alizoea kusema, huku akiubandika waya wa kipimajoto kwenye moduli yenyewe. "Hewa hupata moto upesi. Chuma hakina haraka."

Jumamosi moja aliitwa karakana ya jirani. Alimwachia Ruolan tanuri likiwa limejaa moduli. "Ngoja mpaka kipimajoto kifike themanini na tano na saa ianze kuhesabu. Hapo funga mlango, ukacheze."

Ruolan akangoja. Namba zilipanda kwa kujivuta. Sitini. Sitini na moja. Mara sauti ikapaa kutoka uani.

"We Ruolan! Umeota mizizi huko juu?" Alikuwa Kexin, rafiki yake, amesimama kando ya meza ya saruji ya mpira wa meza. "Mwalimu ameshafika, anachagua timu sasa hivi! Nafasi yako anaichukua Dai Wen, yule anayepiga mpira kama anafukuza nzi!"

"Nakuja! Dakika moja tu!"

Sitini na mbili. Ruolan alilitazama tanuri, akautazama mlango. Kisha akafungua tanuri, akaubandua waya na kuuning'iniza kwenye tundu linalotoa hewa ya moto. Namba ziliruka, zikafika themanini na tano mara moja, tanuri likapunguza moto kana kwamba limeshafika, na saa ikaanza kuhesabu. Akashuka ngazi mbiombio.

Aliingia kwenye timu. Aliporudi, saa mbili zilikuwa zimekwisha na taa zote zilikuwa za kijani. Akaurudisha waya mahali pake kabla baba hajaingia.

"Hakuna hata nyekundu moja!" Bwana Tong alifurahi. "Leo tuna bahati, binti yangu."

Ruolan alichukua ufagio. Furaha ya timu ilikuwa imemtoka yote.

Jioni akaja mteja wao, Bwana Ouyang, mtu mnene asiyeishiwa na maneno. Alizipanga moduli ndani ya boksi huku akifuta jasho. "Alfajiri naondoka nazo kwenda Shimen'ao. Ile laini ya zahanati, zilizokuwepo zimekufa kwa jua. Wazee wa kule hawaonani tena kwa video na daktari wao wa moyo aliye mjini."

Ruolan alisogea karibu na boksi. Shimen'ao ni kijiji cha bibi yake. Bibi alikuwa mmoja wa wazee hao.

Bwana Ouyang akachukua kamba.

"Mjomba, usifunge!" Ruolan alisema. "Hazijapimwa."

Wanaume wote wawili wakageuka.

"Niliubandua waya, baba. Nikauweka kwenye tundu la hewa ya moto ili niwahi mpira. Moduli zenyewe hazikufika themanini na tano." Machozi yalikuwa yakimtiririka.

Bwana Tong alianza kuzitoa moduli ndani ya boksi na kuzirudisha kwenye tanuri. Bwana Ouyang ndiye aliyepiga kelele. "Lahaula! Na mke wangu ameshapakua supu ya mizizi ya yungiyungi!" Lakini alikaa juu ya kiti, akaomba chai.

"Bandika wewe," Bwana Tong akamwambia binti yake, akimpa utepe wa gundi.

Ruolan aliubandika waya kwenye moduli, akaubonyeza kwa kidole. Wakangoja tena, safari hii bila njia ya mkato. Saa ya pili ilipokaribia kwisha, taa moja iligeuka nyekundu. Bwana Ouyang aliacha kulalamikia supu.

Agosti ilipofika, wakiwa karakanani, bibi aliwapigia simu ya video kutoka zahanati, ametoka tu kuonana na daktari. "Huku jua linatuua! Kuku wamehamia chini ya kitanda changu! Mbona mnanikodolea macho hivyo, kwani nimekufa?" Walicheka, na picha haikukatika hata kidogo.

Simu ilipokwisha, Bwana Tong alitoa kwenye droo ile moduli iliyowasha taa nyekundu, akaiweka kiganjani mwa Ruolan.

"Hii ingekuwa kule juu ya nguzo leo," alisema. "Kuchoka kungoja si kosa, kila mtu huchoka. Kosa ni kuniacha nizishangilie taa za kijani ilhali unajua ni za uongo. Kazi ambayo hukuifanya, usiionyeshe kuwa umeifanya. Anayeumia ni mtu aliye mbali, hata hakuoni."

"Nilisema, baba."

"Ulisema, na nilishukuru. Lakini safari ile alikuwa bibi yako. Kesho moduli zinakwenda kwa bibi wa mtu mwingine. Huyo naye utamsemea?"

Ruolan aliifumbata moduli ile. "Nitamsemea," alijibu. Kisha akachukua utepe, akaenda kuubandika waya.