Mbeleko Yangu kwa Mirela

Jioni ile nilikuwa nafuata mbeleko yangu tu. Clemence, mume wangu, alimwazima Mirela, mzungu aliyepanga nyumba juu kwetu, nikiwa shambani kwenye kabichi, bila kuniuliza, na mbeleko ya mtoto haiazimwi, hata yeye anajua, kakulia hapahapa Gare. Eti dada wa watu anaihitaji kwa kazi yake ya sanaa.

Kazi yenyewe sasa. Mirela anachora, anafinyanga, anashona, anarekodi sauti za watu. Alituambia hata kwao Romania hajijui ni nani, basi anajitafuta kwa kuishi kama sisi. Akaanza kufunga kilemba kama mimi. Akachuchumaa jikoni kama mimi. Nikilalamika, Clemence ananicheka, ananiambia namwonea mgeni wivu.

Nikamwachia Clemence mwanangu Beatha, hata kutambaa bado, nikapanda kwa Mirela. Ukungu ulishafika kwenye migomba.

Mlango wazi. Nikapiga hodi... kimya. Ndani kulinuka udongo mbichi na maziwa. Maziwa ya mama. Mezani, uso wa udongo haujakauka.

Uso wangu. Mpaka kovu la kidevuni.

Mbeleko haikuwepo.

Nilishuka mbio, kandambili zikakatika, nikaziacha. Clemence alikuwa kizingitini anapukuchua mahindi, akaniuliza mbona nimerudi peke yangu, si nimemnyonyesha mtoto sasa hivi, nikamfunga mgongoni nikatoka naye?

Nikatoka tena mbio, pekupeku.

Niliwasikia kabla ya kuwaona, njia ya mtoni. Mtu anabembeleza mtoto kwa Kishambaa safi, na sauti... ilikuwa yangu. Mirela hajui Kishambaa. Hata salamu zilikuwa zinamshinda.

“Mirela. Nipe mwanangu.”

Akageuka. Blauzi imelowa kifuani. Mtu ambaye hajazaa! Alikuwa analia.

“Dada, nilitaka kujaribu tu,” akanong'ona, kwa sauti yangu ileile. “Sasa naitafuta ya kwangu, siioni.”

Akafungua mbeleko mwenyewe, akanipa mtoto. Beatha akamnyooshea yeye mikono. Nikamvuta. Alipiga yowe mpaka nyumbani.

Asubuhi nyumba ya Mirela ilikuwa tupu. Nikamuuliza kondakta wa gari la alfajiri la Lushoto kama alimbeba. Akasema mzungu hakumwona, alipanda mama mmoja tu wa huku Gare, kajitanda kanga.

Padri katuombea. Beatha mpaka leo hashiki ziwa langu, namnywesha uji kwa kijiko, anautema, nafuta, naanza tena. Nimechoka. Juzi nikamkalisha Clemence chini nikamuuliza, yule aliyekuja kumchukua mtoto, hukuona kabisa kwamba siyo mimi?

 

“Niliona,” akasema. “Alikuwa wewe kabisa, Mama Beatha. Ila hakuwa na hasira.”

Kisha akatazama mlangoni.

Na mtoto pia.