Samaki Bila Unga

—Hata unga kijiko kimoja, wa kumpaka samaki?

—Hata chembe. Binti yako ameandika: hakuna unga, hakuna wali, hakuna sukari, hakuna maharage. Ni mlo wa watu wa kale.

—Watu wa kale walikuwa na kikaango?

—Walikuwa hawakai mahali pamoja. Kwa hiyo chakula chao ni saizi yako.

Neno la mke wangu halikunichoma. Siku hizi hakuna kinachonichoma. Hata joto lile la kiangazi, lililotoa jasho kwenye kuta za jikoni, nililiona kama habari ya mtu mwingine.

Mimi ni dereva wa lori, miaka thelathini na moja barabarani. Yeye ni fundi cherehani. Wiki tatu nyuma nilibisha hodi na begi langu, akanifungulia kwa sharti moja: "Safari zimekwisha. Ukiondoka tena, nabadilisha kitasa." Nikakubali. Daktari alikuwa amemkataza vya unga na sukari, na binti yetu, muuguzi, akanitumia maelekezo kwenye simu ili nimpikie mama yake kitu chepesi.

Mikono yangu ilikuwa na shombo, kwa hiyo simu aliishika yeye, akinisomea.

—Kamua ndimu mbili juu ya mnofu.

—Tayari.

—Chumvi, pilipili manga. Mafuta kidogo, dakika nne kila upande.

—Haya.

—Kata tango na parachichi. Mzee Matairi, lori limeshapakiwa, unaondoka Jumatatu alfajiri, asante kwa kukubali. Nyunyiza giligilani.

Aliusoma ujumbe ulioingia kama sehemu ya mapishi; sauti yake haikupanda wala haikushuka. Kisu changu kikabaki juu ya tango.

—Ni tajiri wangu, nikasema.

—Nimemsoma.

—Nilimjibu jana. Nilitaka nikwambie tukishakula.

—Kumbe huyu ni samaki wa kuniagia. Mgeuze, anaungua.

Nikamgeuza. Nikapakua, nikaweka mezani. Akaitazama sahani, akachungulia kikaangoni.

—Na wa pili?

—Wa pili yupi?

—Baba watoto, humu ndani tuko wangapi?

Nikatazama meza. Mnofu mmoja, sahani moja, uma mmoja. Wallahi sikufanya kwa hila. Kando ya lori mtu hupika cha mtu mmoja, na mkono ukishazoea hauulizi.

—Ningekukasirikia, akasema, lakini hasira nayo inataka nguvu. Mimi sina.

Akakaa kwenye kiti. Hakulia, hakutukana. Afadhali angenitukana. Nikanawa mikono kwa sabuni mara mbili, nikachukua simu, nikapiga, nikaweka sauti ya juu ili asikie.

—Tajiri, Jumatatu siji.

—Mzee, acha utani! Si jana umekubali?

—Jana nilikubali. Leo nimekataa.

—Nikimpa mwingine usukani, hutaushika tena. Umesikia?

—Mpe.

Akakata. Nikasubiri kifua changu kiseme kitu, majuto au raha, chochote. Kimya, kama gari lililoishiwa betri.

—Unasikiaje? mke wangu akauliza.

—Sisikii kitu.

—Mimi nilianza hivyo mwaka wa tano wa kukungoja. Mtu anakula, anashona, anazeeka.

—Unataka niondoke?

Akampasua samaki kwa uma, nusu kwa nusu, akaisukuma sahani hadi katikati ya meza.

—Nataka Jumatatu unitungie nyuzi. Nina magauni kumi na mawili ya harusi ya watu, na macho yangu hayalioni tena tundu la sindano.

—Na Jumanne?

—Jumanne kuna sare za shule.

—Na kitasa?

—Kula kwanza. Kitasa hakiozi.

Tukala kwa kupokezana uma uleule. Samaki alikuwa mwepesi, tango limepoa, na kwenye kipande cha tatu ukali wa ndimu ukanishika kwenye ufizi. Ni kitu kidogo, lakini nilikisikia.

Akanyanyua kiti chake, akakileta ubavuni kwangu. Nikamtazama.

—Usijipe moyo, akasema. Feni inapuliza upande huu.

Sikujipa. Nilisogea tu kidogo, apate nafasi.