Uchafu wa Kopo

Jumamosi hiyo soko la Salford, kaskazini mwa Uingereza, lilijaa watu kama siafu, na mzee wa matambara alikuwa amesimamisha mkokoteni wake wa farasi pale pale penye msongamano. Alifanya makusudi, maana mteja aliyebanwa hana pa kukimbilia. Noreen Hesketh alipenya kwa viwiko mpaka mbele. Alivaa koti la mkanda alilojishonea kwa vipande vya kiwanda cha makoti ya mvua alikofanya kazi, na kitambaa cha manjano kichwani, kimefungwa chini ya kidevu kwa namna ya kuwaambia wanaume: tazama, lakini usiguse.

Alileta sweta mbili zilizotoboka na fulana ya marehemu baba yake. Alitaka jiwe la kusugulia kizingiti cha mlango kiwe cheupe. Matambara kwa jiwe, ndiyo ilikuwa desturi tangu enzi za bibi yake.

"Hizo nizichukue mimi," ilisema sauti pembeni. "Kadiri zilivyotoboka ndivyo ninavyozitaka."

Noreen akageuka. Kijana mrefu, masikio kama vishikio vya sufuria, shati jeupe pee na viatu unavyoweza kujitazamia.

"Umependeza hivyo, halafu unatafuta fulana yenye matundu?"

"Si yangu. Ni ya sinema."

"Sinema gani itakayovaa fulana ya baba yangu?"

"Inayopigwa hapa hapa Salford. Tunaanza kule mferejini, halafu mtaa wa Plover."

"Mtaa wa Plover ni kwetu."

"Basi Mungu ananipenda."

"Usimsingizie Mungu. Huko kwenye sinema unafanya kazi gani?"

"Napaka rangi."

"Jamani," alisema mzee wa matambara, "mnafanya biashara au mnachumbiana? Farasi wangu anaona haya."

Kijana aliitwa Len Cawood, mtoto wa Hull, mama yake akipasua samaki bandarini. Noreen alipewa jiwe lake, Len akapewa fulana, na wakaondoka sokoni pamoja, kila mmoja akijifanya njia ndiyo ile ile.

Kwa wiki tatu kibanda cha simu kwenye kona ya mtaa wa Plover hakikupumzika. Kila jioni saa moja kililia, na kila jioni Noreen alikuwa amesimama ndani tayari, rangi ya mdomo imekolea.

"Umekula, kipenzi?"

"Nimekula. Wewe?"

"Mama mwenye nyumba amenipa kabichi. Nadhani ilikuwa kabichi. Noreen, leo nimekuona mara tano, na hukuwepo."

"Nenda kapimwe macho."

Jumapili ya tatu Len akaalikwa chai kwa kina Noreen. Kufika mlangoni alikiona kizingiti, cheupe kama maziwa, ukingo umenyooka kama umepigwa rula, na hakukikanyaga. Alikiruka, taratibu, miguu yote miwili. Mama Hesketh, mwanamke mfupi mwenye mikono minene, alimwongezea viazi na nyama ya kopo bila kuulizwa. Alipoondoka, mama alisema neno moja tu: "Amelelewa." Kwa Annie Hesketh hilo lilikuwa sawa na kupokea mahari.

Watu wa sinema walikuwa wametoka kusini na magari matatu, kuja kutafuta ukweli. Inaelekea ukweli haukai kwao, wana bustani tu. Mkubwa wao, Bwana Aubrey, alivaa jaketi la mfanyakazi ambalo halijawahi kufanya kazi. Jumatatu walihamia mtaa wa Plover, mbele ya namba saba, kwa Mama Hesketh.

Noreen alirudi kutoka kiwandani saa kumi na moja jioni akasimama ghafla katikati ya barabara. Kizingiti kilikuwa cheusi. Kilipakwa grisi na masizi, juu yake vikabandikwa vipisi vya sigara. Dirisha lilipakwa pia. Kwenye kamba, mbele ya nyumba, palining'inia fulana ya baba yake, imechanwa zaidi.

Ndani mapazia yalikuwa yamefungwa. Mama ameketi jikoni, mikono mapajani, kama mfiwa.

"Yule mkubwa wao alisema pako safi mno," mama alisema. "Kwamba mtu hataamini. Nisiguse mpaka Alhamisi jioni, picha za leo zifanane na za kesho."

"Na wewe ulikubali?"

"Nilitia saini wapige picha mlango. Sikujua watauvua nguo kwanza. Shangazi yako wa Bolton ataiona. Nchi nzima itaona Annie Hesketh aliishi kama nguruwe. Miaka ishirini na sita, Noreen. Hata siku ya kumzika baba yako nilisugua kwanza, ndipo jeneza likapita."

"Nani alipaka?"

Mama alikitazama kiti alichokalia Len Jumapili.

Len alikuwa nyuma ya lori, mtaani, koti lake la kazi limejaa madoa, kopo mkononi. Alipomwona Noreen akalificha nyuma, kama mtoto aliyeiba jamu.

"Inatoka, kipenzi. Maji ya moto tu na..."

"Usiniite kipenzi na kopo mkononi. Ulisema unapaka rangi."

"Hii nayo ni rangi."

"Wiki tatu, Len. Umekula viazi vya mama yangu. Umekiruka kizingiti chake tukadhani ni adabu, kumbe ulikuwa unakipima."

"Sikukipima. Nilikuwa naogopa kukwambia." Akaweka kopo chini. "Sikiliza. Sinema yenyewe ni nzuri. Miaka yote watu kama sisi tunaonekana tukibeba trei na kuchekesha mabwana. Safari hii ni sisi wenyewe. Ni ukweli."

"Kama uchafu ndio ukweli wetu, mbona mmelazimika kuja nao kwenye kopo?"

Len alilisukuma kopo chini ya lori kwa kisigino.

"Mama yako kule Hull," Noreen aliendelea, sauti imeshuka, na hapo ndipo ilipotisha, "mlango wake ukoje?"

"Msafi," alisema Len, akitazama viatu vyake.

"Basi nenda kampake yeye."

Jioni ile kibanda cha simu kililia mara sita. Ya saba akapokea Bi Pilling wa namba tisa, ambaye havumilii simu ya mtu mwingine ilie bure.

"Noreen yupo," alisema. "Hataki."

"Mwombee dakika moja tu, Bi Pilling."

"Anasema umekufa."

"Nitakufaje na mimi ninaongea?"

"Hata mimi nimeshangaa, mwanangu. Unaongea vizuri kwa marehemu."

Jumanne na Jumatano walipiga picha. Mwigizaji wa London, nywele zimevurugwa kwa saa nzima na mtu maalumu, aliingia na kuingia tena kwenye mlango ule mchafu. Mama Hesketh hakutoka. Hakwenda dukani, hakwenda kwa jirani, chai ikapoa mkononi mwake. Noreen alishona mikono ya makoti kwa hasira hata sindano mbili zikavunjika.

Alhamisi asubuhi, akijifunga kitambaa aende kazini, alisikia sauti anayoijua tangu tumboni: brashi juu ya jiwe. Akafungua mlango.

Len alikuwa amepiga magoti barabarani, mikono ya shati imekunjwa, ndoo inafuka mvuke. Grisi ilikuwa imetoka yote. Sasa alikuwa anasugua weupe, ulimi nje kama mtoto anayejifunza kuandika. Katika mtaa wa Plover mwanamume alionekana amepiga magoti kwa mambo mawili tu, kanisani na akiwa amelewa. Milango ikafunguka mmoja mmoja. Wanawake wakatoka, mikono kifuani, wakatazama.

"Kona," alisema Bi Pilling hatimaye. "Kona umeziruka."

Len akarudia kona.

Gari la Bwana Aubrey likafika. Alitazama kizingiti, akatazama saa.

"Jana mwigizaji kaingia kwenye mlango mchafu. Leo, usiku ule ule wa hadithi, atoke kwenye mlango msafi? Umerukwa na akili? Pakeni upya."

"Sipaki," alisema Len, bado kwenye magoti.

"Basi huna kazi."

"Sawa."

Bwana mwingine akaleta kopo. Hapo mlango wa namba saba ukafunguka wazi, na Mama Hesketh akatokea, rola za nywele kichwani, eproni safi, mara ya kwanza tangu Jumatatu. Alisimama tu. Bi Pilling akasogea akasimama kando yake, na wa namba tano, na wa kumi na moja, mpaka mwenye kopo hakuona tena kizingiti kilipo. Mawingu yalikuwa yanakusanyika, na mwigizaji alikuwa na treni ya saa saba. Wakapiga picha hivyo hivyo.

Len aliinuka, magoti yamelowa.

"Umenisamehe?"

"Bado," alisema Noreen. "Rudi Hull. Uandike. Nikiona vema nitajibu."

Barua kumi na nne ziliandikwa. Nane zilijibiwa, tatu kati ya hizo kwa matusi.

Sinema ilifika mwezi wa Novemba. Mtaa wa Plover ulijaza safu tatu, na Len alishuka kwenye treni na suti ya kuazima. Mlango mchafu ulipotokea, Mama Hesketh alizomea kwa sauti hata mhudumu wa ukumbi mwenye tochi akaja. Dakika tano baadaye mwigizaji akatoka akilia, amekanyaga kizingiti cheupe kinachong'aa kama sahani ya harusi, kona zote nne. Safu tatu zikasimama zikapiga makofi. Watu wengine hawakuelewa kuna nini.

"Gazeti la London," Len alinong'ona, "limeandika kwamba kizingiti kile ni alama ya matumaini."

"Matumaini yana magoti?" alisema Mama Hesketh, hasira haijapoa hata kidogo. "Kaa chini, unawazibia watu."

Katika giza Len akamtia Noreen kitu mkononi. Kizito, kimefungwa gazeti. Si kisanduku cha pete. Akakifungua kwa vidole: jiwe la kusugulia, jipya, halijaguswa maji.

"Nimempa mzee wa matambara lile koti langu la kazi," alisema Len. "Lenye madoa. Noreen, tukipata mlango wetu..."

"Atasugua nani?"

"Mimi."

"Mchana, watu wakiona?"

"Mchana."

Noreen akalifunga jiwe vizuri, akalitia kwenye mkoba, akaubana mkoba mapajani kwa mikono miwili.

"Na kona," alisema.