Nilikuonyesha Wewe Peke Yako

— Wifi, hebu vua hilo wigi wateja wakuone!

Dada wa mchumba wangu alisema hivyo huku anacheka, katikati ya saluni yangu, viti vyote vimejaa. Nilikuwa namsuka mama mmoja, nusu ya kichwa bado.

— Nani kakwambia?

— Si kaka! Msusi mwenye upara, jamani, mbavu zangu!

Nywele zangu zilinyonyoka zote nilipougua, hazikurudi. Nani angekuja kusukwa na mwenye upara? Nilimwambia mtu mmoja tu, Fundi, mchumba wangu, anayetengeneza friji mtaa wa pili. Nilimvulia wigi nikitetemeka. Akanibusu utosini, akaapa hatamwambia mtu. Mnafiki mkubwa!

Nikampigia.

— Njoo saluni. Sasa hivi.

— Kuna nini, mpenzi? Nina friji ya watu hapa...

— Iache!

Akaja mbio, bisibisi mkononi. Kumwona dada yake tu, akajua.

— Mpenzi, nilimwambia kwa nia njema. Ni dada yangu, damu moja...

— Nilikuonyesha wewe! Sikuuonyesha ukoo wako!

— Wifi naye, nywele tu hizo, unakuza mambo, — akadakia dada mtu.

Hapo nikapandwa na mori. Nikavua wigi, nikalitupa mezani.

— Haya, mmeona? Sasa Fundi, na mimi niseme yako? Yale uliyonililia mapajani?

Bisibisi ikamdondoka.

— Kaka, mambo gani hayo? — dada yake akakodoa macho.

— Mpenzi, nakuomba... usiseme.

Alitetemeka kama mimi siku ile. Ulimi uliniwasha, Mungu anajua.

— Usiogope. Sitasema leo, wala nikiolewa na mwingine. Mimi si wewe.

Nikavua pete, nikamwekea kiganjani.

— Nipe nafasi nyingine.

— Nafasi ulikuwa nayo, ukaipeleka kwa dada yako mkacheka. Toka!

Akatoka kichwa chini, dada yake nyuma akimvuta shati:

— Kaka, niambie basi, mambo gani?

Nikabaki na upara wangu, nalia kwa hasira, nikingoja wateja wanyanyuke mmoja mmoja. Yule mama niliyekuwa namsuka akajiweka sawa kitini.

— Mwanangu, futa machozi umalizie. Au unataka nitoke na nusu kichwa?